Maji ya Mgao: Historia ya Maji Salama Dar es Salaam

Dar es Salaam ina mitambo ya kusafisha maji tangu enzi za mkoloni. Mtambo wa Mtoni ulianza kuchuja maji ya mto Kizinga mwaka 1949. Wa Ruvu Juu, pale Mlandizi, ukafuata mwaka 1959. Wa Ruvu Chini, upande wa Bagamoyo, ukakamilika mwaka 1976. Kwa zaidi ya miaka sabini, basi, jiji hili limekuwa na maji yanayotiwa dawa na kupimwa kabla ya kuingia kwenye bomba kuu. Na ndani ya miaka hiyohiyo kipindupindu kimelirudia tena na tena: 1977 na 1978, kisha 1997, kisha Agosti 2015, kilipoanzia Kinondoni na kusambaa katika sehemu kubwa ya nchi. Ikiwa maji yanatoka mtamboni yakiwa safi, na maradhi ya maji machafu hayaishi, basi kuna jambo linalotokea njiani. Jambo hilo, kwa maoni yangu, ni mgao. Siasa za maji za Dar es Salaam zimepigania vyanzo vipya, kisha zikapigania nani amiliki kampuni, lakini swali la bomba kuwa na maji mchana na usiku katika kila mtaa halijawahi kupewa uzito wake. Limechukuliwa kuwa swali la raha na adha, la nani aamke usiku wa manane kukinga ndoo. Kumbe ni swali la usalama wenyewe.

Mtamboni kazi hufanyika vizuri kiasi cha kuridhisha. Masika yakikolea, mto Ruvu hushuka kutoka milima ya Uluguru ukiwa mwekundu kwa udongo wa mashamba. Maji hayo hutiwa shabu, chembechembe za udongo zikashikana na kuzama chini kama tope. Yaliyobaki hupitishwa kwenye machujio ya mchanga, kisha hutiwa klorini. Klorini haitiwi kwa ajili ya mtamboni peke yake. Sehemu yake huachwa makusudi ndani ya maji yasafiri nayo makumi ya kilomita hadi matangi ya Kimara na ya Chuo Kikuu, na kutoka hapo hadi bombani, ili kijidudu kitakachokutana nayo njiani kiuawe. Lakini kiasi hicho ni kidogo, na kimepimwa kwa kutarajia kwamba bomba limejaa na limefungika. Hakikuwekwa kupambana na maji ya choo.

Bomba lenye msukumo hujilinda lenyewe. Likipasuka, maji hutoka nje; barabara hulowa, mtaa hulalamika, fundi huitwa, lakini uchafu hauingii kwa sababu nguvu ya ndani inazidi ya nje. Sasa funga valvu kwa siku mbili. Maji yaliyobaki hushukia mitaa ya bondeni, bomba la mlimani hubaki likivuta, na kila ufa, kila kiungo kilicholegea, kila mpira uliofungwa kwa kipande cha tyubu hugeuka kuwa mdomo wa kunyonya. Kinachonyonywa ni kile kilichopo nje yake. Katika sehemu kubwa ya Dar es Salaam bomba la mtaani hupita ndani ya mtaro au hatua chache kutoka shimo la choo, maana mtandao wa majitaka haujawahi kufika mbali na katikati ya jiji na maeneo machache yaliyopangwa. Wakati wa mvua kubwa kuna wanaotapisha vyoo, yaani kutoboa shimo lililojaa ili mafuriko yabebe kinyesi. Ikiwa siku hiyo ni ya mgao, bomba liko tupu katikati ya maji hayo. Tena wenye uwezo hufunga pampu moja kwa moja kwenye bomba la barabarani, ili wavute kilichobaki kabla ya jirani, na pampu hiyo huongeza uvutaji uleule. Valvu ikifunguliwa, maji ya kwanza hutoka na rangi ya chai. Watu huyamwaga na kusubiri yatakate, lakini kutakata kwa macho si kutakata kwa vijidudu.

Halafu kuna upande wa nyumbani. Mtu asiyejua maji yatarudi lini huhifadhi: simtanki kwa mwenye nafasi, pipa, ndoo na madumu ya lita 20 kwa wengine. Klorini hufifia kadiri siku zinavyopita, na kata inayozamishwa kwenye pipa huzamishwa na mikono mingi. Mwisho wake maji yaliyotoka Mlandizi yakiwa salama hufika mdomoni yakiwa yamechafuliwa mara mbili, ndani ya bomba na ndani ya pipa, na sababu ya zote mbili ni ileile.

Elimu hii haikugunduliwa juzi. Mhandisi Thomas Hawksley alijenga Nottingham, Uingereza, mwaka 1831 mfumo uliotoa maji yenye msukumo muda wote, na moja ya hoja zake ilikuwa kwamba bomba lililojaa haliruhusu uchafu kuingia. London ilichelewa kwa sababu kampuni zake ziliona ni gharama, lakini sheria ya mwaka 1871 ilianza kuzisukuma ziachane na maji ya saa chache kwa siku. Waingereza walipoichukua Tanganyika baada ya Vita Kuu ya Kwanza, jambo hilo lilikuwa limekwisha kujulikana kwao kwa miongo mingi. Kama mji waliourithi haukupewa maji ya aina hiyo kwa wote, haikuwa kwa kutojua.

Mji wenyewe ulikuwa umegawanywa kabla yao. Wajerumani waliohamishia makao yao makuu Dar es Salaam mwaka 1891 walitoa mwaka huohuo kanuni za ujenzi zilizopanga mitaa kwa aina ya nyumba: mawe na matofali huku, miti na udongo kule. Waingereza wakaendeleza kwa kanda tatu, Uzunguni, Uhindini na mji wa Waafrika, na uwanja wa Mnazi Mmoja ukaachwa wazi kati ya kanda ya pili na ya tatu. Sababu iliyotolewa kwa uwanja huo ilikuwa ya afya: kuzuia maradhi yasivuke. Nadhani hapa ndipo ilipo mizizi ya matatizo ya baadaye. Afya ya mji ilifikiriwa kuwa ni suala la kutenganisha watu, na maji yakafuata fikra hiyo. Nyumba za Uzunguni zikapata bomba la ndani. Upande wa pili watu walichota visimani au kupanga madebe kwenye bomba la jumuiya. Mwaka 1949, mwaka uleule mtambo wa Mtoni ulipoanza kazi, mji ulipata mpango wake mkuu, kazi ya wahandisi wa Sir Alexander Gibb. Majina ya rangi yaliondolewa, yakawekwa maneno ya msongamano: maeneo ya watu wachache, ya wastani, na ya watu wengi. Mpangilio ukabaki karibu vilevile. Mabomba makubwa hulazwa mahali panapotegemewa matumizi makubwa, na ukubwa wa bomba ukishazikwa ardhini hudumu kuliko serikali iliyolizika.

Mwanahistoria makini atapinga hapa kwamba tunawabebesha wakoloni mzigo wa mambo yaliyotokea miaka sitini baada yao, na pingamizi hilo lina haki yake. Sensa ya 1957 ilihesabu watu wapatao 129,000. Ya 1967 ikakuta zaidi ya mara mbili, kama 273,000. Ya 2002 ilifikia milioni 2.5 na ya 2022 milioni 5.4. Hakuna mtandao wa 1959 ambao ungeweza kubeba watu hao. Ni kweli. Ila ukuaji hauelezi ni nani akose. Jiji lililokuwa na maji pungufu lingeweza kuyapunguza kwa usawa. Lililotokea ni kwamba upungufu uliangukia mitaa ileile iliyokuwa mwisho wa bomba, pamoja na mitaa mipya iliyojengwa bila ramani pembezoni mwake. Oysterbay haikujifunza kuishi kwa dumu. Manzese na Tandale zilijifunza.

Serikali huru ilikuwa na dira nyingine, na dira hiyo inastahili heshima. Mwaka 1971 ilitangazwa programu ya miaka 20 ya kumfikishia kila mwananchi wa kijijini maji umbali usiozidi mita 400. Nguvu na fedha zikaelekezwa vijijini, walikoishi Watanzania wengi mno. Mjini mambo yakaachwa yajiendeshe. Halmashauri ya jiji ilivunjwa mwaka 1974 wakati wa sera ya madaraka mikoani na kurudishwa mwaka 1978, na kati ya tarehe hizo mbili uondoaji wa taka na unyonyaji wa vyoo ulidorora. Haishangazi kwamba kipindupindu cha 1977 na 1978 kiliukuta mji bila mwenyewe. Mtambo wa Ruvu Chini, uliojengwa kwa msaada wa Kanada, ulikuwa umekwisha kuwashwa. Maji mengi zaidi yaliingia mjini na ugonjwa nao ukaingia. Ushahidi wa wazi kwamba wingi wa maji mtamboni haukuwa jawabu peke yake. NUWA, mamlaka ya taifa ya maji mijini, ilianzishwa kwa sheria ya mwaka 1981 na kuanza kazi mwaka 1984, ikirithi mabomba yaliyokwisha kuchoka na bei ya maji isiyotosha hata kununulia dawa na vipuri.

Ukame wa 1997 ulifungua mlango mwingine. Ruvu uliposhuka, visima virefu vilichimbwa jijini kwa haraka kama hatua ya dharura, na baada ya hapo kila mwenye kiwanja na fedha akachimba chake. Wapo wanaosema visima ndivyo vilivyoiokoa Dar es Salaam, na sina ubishi kwamba bila visima maelfu wangekosa hata maji ya kufulia. Lakini kunusurika na kiu si sawa na kupata maji salama. Utafiti wa Rubhera Mato uliotoka mwaka 2002 ulionyesha jinsi maji ya chini ya ardhi ya jiji yalivyochafuliwa, nitrati na vimelea vya kinyesi vikiwemo, jambo linalotarajiwa mahali ambapo mashimo ya vyoo na visima vinagawana mchanga mmoja. Karibu na pwani, kadiri maji yanavyovutwa, chumvi ya bahari husogea ndani. Kisima kilipunguza kelele za wenye sauti, wale ambao kelele zao zingeweza kuilazimisha mamlaka ijaze bomba. Huo ndio uharibifu mkubwa ambao visima vimefanya kisiasa: familia yenye kisima na simtanki imejitoa kwenye ugomvi, na waliobaki kulitegemea bomba ni wale wasiosikilizwa.

Mwaka huo wa 1997 NUWA iliunganishwa na idara ya majitaka ya jiji, ikazaliwa DAWASA, na safari ya ubinafsishaji ikaanza. Kukabidhi huduma ya maji ya Dar es Salaam kwa mwendeshaji binafsi kuliwekwa miongoni mwa masharti ya Tanzania kusamehewa madeni yake, na Benki ya Dunia pamoja na wakopeshaji wengine waliahidi fedha za ukarabati. Agosti 2003 kampuni ya City Water, ubia wa Biwater ya Uingereza, Gauff ya Ujerumani na Superdoll ya hapa nyumbani, ilipokea uendeshaji kwa mkataba wa miaka 10. Mabomba na mitambo ilibaki mali ya DAWASA. Kampuni ilipaswa kuendesha, kutoza bili na kulipa kodi ya pango. Mapato yakapungua badala ya kupanda, malipo kwa DAWASA yakayumba, na tarehe 13 Mei 2005 Waziri wa Maji, Edward Lowassa, akatangaza kuvunja mkataba. Tarehe 1 Juni viongozi watatu wa kigeni wa kampuni hiyo waliondolewa nchini na DAWASCO, kampuni ya umma, ikashika usukani. Kesi zilizofuata ziliiweka Tanzania kwenye vitabu vya sheria duniani. Mapema 2008 wasuluhishi waliofuata kanuni za Umoja wa Mataifa waliamuru City Water iilipe DAWASA fidia ya takriban pauni milioni 3. Julai mwaka huo baraza la ICSID, kituo cha kimataifa cha usuluhishi wa migogoro ya uwekezaji, liliamua kwamba Tanzania ilivunja baadhi ya vifungu vya mkataba wa uwekezaji na Uingereza, ila haikutakiwa kulipa hata senti, kwa kuwa wakati inanyang'anywa mkataba kampuni haikuwa na thamani iliyopotea.

Tangu hapo kisa hiki kimesimuliwa kwa namna mbili. Wa mrengo mmoja wanasema ni ushahidi kwamba maji hayapaswi kuwekwa mikononi mwa wafanyabiashara. Wa mrengo mwingine wanasema serikali haikumpa mwekezaji muda wala mtandao unaofanya kazi. Mimi naegemea kwa wa kwanza katika jambo moja: sharti la msamaha wa deni si njia ya nchi kuamua nani aendeshe huduma isiyokuwa na mbadala. Lakini simulizi zote mbili zinaruka kipimo muhimu. Mkataba ulipoanza, katika jiji la watu milioni 2.5, kaya zilizounganishwa na bomba zilikadiriwa kuwa laki moja hivi tu, na zaidi ya nusu ya maji yaliyosukumwa kutoka mitamboni yalipotea au hayakulipiwa. Mkataba ulipovunjika, mgao ulikuwa palepale. DAWASCO ikaendesha kwa miaka 13 hadi iliporudishwa ndani ya DAWASA mwaka 2018, na katika kipindi chake ndipo kipindupindu cha 2015 kilipozuka. Ubao wa ofisi ulibadilishwa mara nne katika miaka ishirini na kitu; bomba la mwisho wa mtaa liliendelea kufunguliwa kwa zamu.

Mamlaka, kwa upande wao, zimekuwa na jibu la kudumu: wezi wa maji. Bomba kuu limetobolewa, mita zimerukwa, mipira imechomekwa usiku, na kila tundu ni njia ya uchafu. Hakuna uongo hapo. Hata hivyo ramani inasema kitu ambacho matangazo ya kukamata wezi hayasemi. Mabomba makuu mawili ya Ruvu huingia mjini kwa kufuata Barabara ya Morogoro na Barabara ya Bagamoyo, yakipita katikati ya makazi ambayo kwa miaka mingi hayakuwa na mtandao wa kuwagawia watu. Mkazi aliyeona maji ya mji yakipita chini ya miguu yake, huku yeye akinunua dumu kwenye mkokoteni kwa bei inayozidi kwa mbali ile ya mwenye mita, alikuwa na sababu ya kutoboa. Wizi huo unaharibu usalama wa wote, lakini ulizaliwa na mgawanyo, na askari hawataumaliza. Panapopelekwa bomba halali lenye maji ya uhakika, biashara ya mpira wa usiku hukosa wateja.

Na pale maradhi yanapolipuka, wananchi huambiwa wachemshe maji. Ushauri huo ni sahihi kitabibu na umeokoa maisha. Tatizo ni kuufanya sera. Kuchemsha kunahitaji mkaa au gesi, na mtu wa kusimamia sufuria kila siku, kwa mwaka mzima, katika nyumba ambayo mkaa wa ugali wenyewe unapimwa kwa kopo. Kuiachia kila kaya kazi ya kuyasafisha upya maji yaliyokwisha kusafishwa ni kuhamisha gharama ya mgao kutoka kwenye hesabu za mamlaka hadi jikoni kwa wanawake, mahali ambapo hakuna mkaguzi anayeihesabu.

Katika muongo uliopita kazi kubwa imefanyika, na kuikana ni kukosa haki. Ruvu Chini ilipanuliwa kutoka lita milioni 182 hadi milioni 270 kwa siku kwa fedha za Marekani, na Ruvu Juu kutoka milioni 82 hadi milioni 196 kwa mkopo wa India. Mitaa ambayo haikuwahi kuona maji ilianza kuyaona. Kisha mwishoni mwa 2022 mvua zilichelewa, mto ukapungua, mgao mkali ukarudi jiji zima na visima virefu vya Kigamboni vikaunganishwa kwa haraka. Mwaka 2023 ujenzi wa bwawa la Kidunda, wazo lililozungumzwa kwa miongo mingi, hatimaye ulianza huko Morogoro Vijijini. Bwawa hilo limekusudiwa kuhifadhi lita bilioni 190 ili Ruvu usikauke kiangazi. Kwa mara ya kwanza mji utakuwa na akiba, na akiba ndiyo sharti la kwanza la kuacha mgao.

Ni sharti la kwanza tu. Mitambo ya 1949, 1959 na 1976 yote ilizinduliwa kwa ahadi ya kumaliza shida, na kila mmoja ulijaza kwanza matangi ya waliokuwa karibu na bomba nene. EWURA, msimamizi wa huduma za maji tangu 2006, huchapisha kila mwaka wastani wa saa za huduma kwa kila mamlaka. Wastani huo unaficha tunachotaka kukijua: mtaa wenye maji saa 24 na mtaa wenye maji saa 4 huonekana pamoja kama saa 14, na hakuna mkazi wa mtaa wowote kati ya hiyo anayeishi hivyo. Takwimu za Dar es Salaam zinapaswa kutolewa kwa kata, zikionyesha saa za msukumo na kiasi cha klorini kilichobaki kwenye bomba la mwisho la kata hiyo, hasa asubuhi ya kwanza baada ya valvu kufunguliwa. Diwani akiwa nazo mkononi ataweza kuuliza katika kikao kwa nini kata yake imefungiwa siku mbili wiki ya mafuriko, na mganga wa wilaya ataweza kuziweka kando ya orodha yake ya wagonjwa wa kuharisha.